Asili ya Neno "Ujabari"

Siku hizi tukitaka kumsifu mtu asiye na woga, humwita shujaa au jasiri. Neno jabari, na ujabari ulio sifa yake, husikika kwa nadra. Hata hivyo ni neno la zamani katika lugha yetu, nalo lastahili kuchunguzwa.

Kamusi ya Kiswahili na Kiingereza ya mwaka 1939, iliyosimamiwa na Frederick Johnson, inalipa maana mbili. Kwanza ni sifa ya Mwenyezi Mungu, Mtawala Mkuu. Pili ni mtu shujaa, tena mwenye kiburi. Je, kiburi kimeingiaje hapo?

Jibu limo katika Kiarabu, lilikotoka neno lenyewe. Mzizi wake ni herufi tatu: jim, ba na ra. Mzizi huo una maana ya kulazimisha kwa nguvu, na pia maana ya kuunga kilichovunjika, hasa mfupa. Wanachuoni wameifafanua sifa hiyo ya Mungu kwa maana zote mbili. Lakini kwa Kiarabu binadamu akiitwa hivyo, kwa kawaida ni lawama: ni mwonevu. Katika Sura Maryam ya Kurani, Nabii Isa anajieleza kuwa hakufanywa mtu wa namna hiyo.

Maana ya kuunga mnaikuta darasani kila wiki. Mnamo mwaka 820 hivi, al-Khwarizmi, aliyefanya kazi Baghdad, aliandika kitabu cha hesabu. Humo aliita al-jabr ile hatua ya kurudisha kilichopunguzwa, kama vile x − 3 = 7 inapokuwa x = 7 + 3. Mwaka 1145 Robert wa Chester alikitafsiri kwa Kilatini huko Segovia, Hispania. Ndipo Ulaya ikapata jina la aljebra, nasi tukalipokea kwa njia ya Kiingereza. Kwa hiyo jabari na aljebra ni ndugu wa tumbo moja. Mmoja alikuja na majahazi, mwingine na vitabu vya shule.

Ndugu wanafunzi, nguvu zinazovunja ndizo pia zinazounga. Mkubwa anayemwonea mdogo bwenini huenda haogopi mtu. Anayesimama kumtetea mdogo huyo naye haogopi. Wote wawili mwaweza kuwaita majabari, lakini ni huyu wa pili tu aliyelitimiza neno kwa maana zake zote.