Saa ni Mtambo, Wakati ni Mahali: Dhana Mbili Zilizokutana katika Bonde la Ruzizi

Mwezi Novemba 1871, Livingstone na Stanley waliondoka Ujiji kwa mtumbwi wakaelekea kaskazini mwa ziwa Tanganyika ili kujua kama mto Ruzizi unatoka ziwani au unaingia. Waliona kwamba unaingia, na swali hilo likaisha. Hata hivyo, wasafiri hao hao hawakuafikiana juu ya siku waliyokutana Ujiji. Stanley aliandika 10 Novemba, ilhali shajara ya Livingstone inaonyesha siku za mwisho wa Oktoba. Maradhi na safari ndefu vilikuwa vimevuruga hesabu ya siku. Wageni waliokuja kupima nchi kwa vyombo vyao walikuwa tayari wamepoteza kipimo cha kwanza, nacho ni tarehe.

Kisa hiki kina uzito kuliko kinavyoonekana, kwa sababu nyuma ya vyombo hivyo kulikuwa na falsafa nzima. Katika karne ya 14, Nicole Oresme wa Ufaransa alikwisha kuzifananisha mbingu na saa. Mwaka 1656 Huygens alibuni saa ya timazi, na mwaka 1687 Newton akafafanua wakati kuwa kitu kinachopita kwa mwendo sawa pasipo kutegemea tukio lolote. Laplace, mwaka 1814, aliufikisha mfano huo mwisho wake: mwenye akili ya kutosha angeweza kusoma yaliyopita na yajayo kama mtu asomaye magurudumu ya mtambo. Lewis Mumford alipoandika mwaka 1934 kwamba saa, wala si injini ya mvuke, ndiyo mashine kuu ya zama za viwanda, alikuwa akieleza jinsi fikra hiyo ilivyotoka vitabuni ikaingia kazini.

Katika bonde la Ruzizi fikra hiyo haikufika kwa njia ya vitabu. Ilifika kwa njia ya pamba. Katogota, kijiji cha eneo la Wafuliiru kando ya barabara ya Uvira kwenda Bukavu, kiko katika uwanda ambao Wabelgiji waliutaka uzae zao hilo. Amri ya mwaka 1917 iliruhusu kilimo cha kulazimishwa katika koloni. Ile ya 1933 ikaweka kikomo cha siku 60 kwa mwaka. Na wakati wa Vita Kuu ya Pili, mwaka 1942, siku hizo ziliongezwa hadi 120. Mkulima hakuhitaji kuwa na saa mkononi ili aelewe jambo lililokuwa likitendeka. Siku yake ilikuwa imetolewa katika mvua, katika kupanda na katika msiba wa jirani, ikageuzwa kuwa kipande kinacholingana na kipande kingine, kinachoweza kuhesabiwa na karani. Huo ndio wakati wa Newton, ila umevaa kofia ya utawala. Baadaye kiwanda cha sukari cha Kiliba, katika bonde hilo hilo, kilizidisha nidhamu ya zamu, hadi vita vya 1996 vilipokisimamisha.

Inafaa sasa kutazama lugha, kwani lugha haikuupokea mtambo huu kwa unyonge. Neno «saa», lenye asili ya Kiarabu, hutaja chombo na hutaja pia kipindi. Msemaji wa Kiswahili huvaa saa na hukaa saa nzima. Mtu angeweza kudhani kwamba hapa wakati na mashine vimekuwa kitu kimoja kabisa. Lakini mshale unapoelekea saba asubuhi, msomaji husema saa moja. Kinyarwanda na Kirundi hufanya vivyo hivyo. Kinachohesabiwa ni mwendo wa mchana tangu jua kuchomoza, na saa ya ukutani inasahihishwa na kinywa cha anayeisoma. Uvira, iliyo karibu na ikweta, mchana na usiku hukaribia kulingana mwaka mzima, na saa rasmi ya mashariki ya Kongo hufuata longitudo ya digrii 30, karibu sana na ile ya mji wenyewe. Kwa hiyo mtambo na jua havigombani huko. Ni majina tu yanayopishana kwa saa sita.

Jambo la pili ni la ndani zaidi. Alexis Kagame, katika kitabu chake cha mwaka 1956 juu ya falsafa ya Kibantu ya Rwanda, alizigawa dhana za kuwako katika mafungu manne, na fungu moja, «ahantu», likabeba mahali na wakati kwa pamoja. Wasomaji wengi waliliona dai hilo kuwa la ajabu. Kiswahili kinalitetea vizuri kuliko mwandishi mwenyewe. Katika «alipozaliwa palikuwa na mwembe» kiambishi -po- kinataja mahali. Katika «alipozaliwa kulikuwa na njaa» kinataja wakati. Umbo la kitenzi halikubadilika hata kidogo. Kwa sarufi hii wakati si gurudumu linalozunguka peke yake, bali ni pale ambapo jambo lilitendeka.

John Mbiti alikwenda mbali zaidi mwaka 1969. Kutokana na nyakati za vitenzi vya Kikamba na Kikuyu alihitimisha kwamba Mwafrika wa jadi ana Sasa na Zamani, lakini karibu hana wakati ujao wa mbali. Hapa ni lazima kusita. Kiingereza hakina kiambishi cha wakati ujao katika kitenzi, na hakuna aliyesema kwamba Waingereza hawana kesho. Tahadhari hiyo inamhusu Kagame pia: sarufi huonyesha njia ambayo mawazo yamezoea kupita, haiyafungi humo. Mkulima anayepanda michikichi anajua kwamba hatakula matunda yake msimu ujao.

Udhaifu wa mgawanyo huu, Ulaya ya tarehe na Afrika ya matukio, unaonekana wazi Katogota penyewe. Tarehe 14 Mei 2000, katika vita vya pili vya Kongo, raia wa kijiji hicho waliuawa kwa wingi. Ripoti ya Umoja wa Mataifa iliyochapishwa Oktoba 2010 kuhusu uhalifu uliofanyika Kongo kati ya Machi 1993 na Juni 2003 iliorodhesha matukio 617, na ya Katogota yamo. Kila tukio limeandikwa kwa siku yake na mahali pake. Walionusurika wanaodai haki hawaulizwi kama wana falsafa ya Kagame au ya Newton. Huulizwa ilikuwa lini, na ilikuwa wapi. Nao hujibu yote mawili. Kalenda iliyowahi kuhesabu siku za wazazi na mababu wao katika mashamba ya pamba ndiyo wanayoishika sasa kuwahesabia wengine deni, na kila Mei huirudia siku hiyo hiyo, mahali pale pale waliposimama ilipotokea.