Chungu Kilichouendesha Mji

Wahenga wamesema mgema akisifiwa tembo hulitia maji. Methali hiyo inamtaja mgema mmoja na mnazi wake, mtu anayejulikana kwa sura na kwa jina, ambaye wanywaji wake wanaweza kumsifu na wanaweza kumlaumu uso kwa uso. Haikuwazia siku ambapo mgema angekuwa mji mzima, wenye meya, makarani na madaftari ya hesabu. Siku hiyo ilifika Durban, bandari kubwa ya Afrika Kusini iliyo kando ya bahari hii hii ya Hindi, mwaka 1909. Msomaji ambaye dini yake imemkataza ulevi hahitaji kuionja pombe ili aielewe habari hii, maana kilichogombaniwa ndani yake ni riziki, na waliopokonywa riziki hiyo walikuwa wanawake.

Pombe ya Wazulu huitwa utshwala. Hupikwa kwa mtama, ambao Wazulu huuita amabele, neno ambalo ni ndugu wa neno letu mawele. Nafaka huloweshwa mpaka ichipue, kimea kikaushwe na kusagwa, kisha huchanganywa na uji na kuachwa kichache katika chungu kikubwa. Ikiwa tayari huchujwa kwa mfuko mrefu wa nyasi zilizosukwa, mithili ya kifumbu chetu cha kuchujia tui, na kumiminwa katika chungu cheusi kiitwacho ukhamba, kinachofunikwa kwa kibakuli cha kusukwa kama vile sisi tufunikavyo chakula kwa kawa. Ni kinywaji chepesi, kichachu, kizito kama uji, kisichokaa siku nyingi bila kuharibika. Kwa sababu hiyo hakikuweza kurundikwa ghalani. Kilipikwa kwa ajili ya watu na kwa ajili ya jambo: arusi, mavuno, kazi ya pamoja, au kuwakumbuka wazee waliotangulia, ambao hutengewa fungu lao nyuma ya nyumba, mahali paitwapo umsamo.

Kazi yote hiyo ilikuwa ya wanawake. Masimulizi ya Wazulu humnasibisha uNomkhubulwana, binti wa mbinguni anayeleta mvua na rutuba, na elimu ya kupika pombe. Adabu yake nayo ilikuwa kali. Mnywaji huvua kofia na kuchutama. Na kabla mgeni hajapewa chungu, mwenye nyumba huonja kwanza, ili kila mtu aone kwamba hakuna dhara ndani yake.

Durban, ambayo Wazulu huiita eThekwini, ilikuwa mji wa wakoloni wa Kiingereza uliohitaji mikono ya Waafrika na usiotaka familia zao. Wanaume walitoka mashambani kuja kupakua meli na kufanya vibarua. Walilazwa katika mabweni, na mkataba ulipokwisha walitarajiwa kurudi walikotoka. Wanawake hawakuwa na nafasi katika mpango huo. Hata hivyo walikuja, na wengi wao walileta ujuzi mmoja ambao mji haukuweza kuwanyima, ule wa chungu. Kuli aliyeshinda akibeba magunia alipata kwao kinywaji cha nyumbani, chenye chakula ndani yake, na mwanamke alipata senti za kumlisha mtoto. Waajiri walilalamika kwamba vijana wao wanaamka na ulevi, polisi wakavunja vyungu, na siku ya pili vyungu vingine vikawa motoni.

Ndipo baraza la mji lilipovumbua hila yake. Sheria ya Pombe ya Wenyeji ya Natal ya mwaka 1908 iliuruhusu mji kuwa mpishi na muuzaji pekee wa utshwala katika mipaka yake. Kuanzia mwaka 1909 Durban ikawa na kiwanda chake na vilabu vyake vya pombe, na mwanamke aliyepika kwake akawa mhalifu. Faida iliingia katika mfuko maalumu wa kuwatawala Waafrika. Kwa fedha hizo yalijengwa mabweni, na kwa fedha hizo ikaendeshwa Idara ya Mambo ya Wenyeji, iliyoundwa mwaka 1916 pamoja na makarani na vitabu vyake vya kuwaandikisha watu. Wazungu wenye majumba hawakutozwa kodi kwa ajili hiyo. Kwa maneno mengine, kuli alilipia kwa kiu yake gharama za kuandikishwa, kulazwa bwenini na kuchungwa, na kila alipokunywa zaidi ndivyo ofisi iliyomtawala ilivyonawiri.

Mpango huo ukapata sifa mbali. Ukaitwa Mfumo wa Durban, na Sheria ya Maeneo ya Miji ya mwaka 1923 ikaifungulia njia miji mingine ya Afrika Kusini kuufuata. Ulivuka mipaka pia: mapema katika miaka ya 1920 baraza la mji wa Nairobi lilijitwalia haki ya kuuza pombe ya Waafrika katika kitongoji cha Pumwani. Huko nako waliopika majumbani walikuwa wanawake, na huko nako chungu chao kikawa kosa.

Durban yenyewe haikutulia. Mwaka 1929 wafanyakazi wa bandarini, wakiungwa mkono na chama cha wafanyakazi cha ICU yase Natal chini ya A. W. G. Champion, waliamua kuvisusia vilabu vya mji. Wanawake walisimama milangoni na fimbo mikononi, wakawarudisha wanaume waliojaribu kuingia. Usiku wa tarehe 17 Juni umati wa wazungu wenye silaha uliuzingira ukumbi wa chama, na katika mapigano yaliyofuata waliuawa Waafrika na wazungu. Baadaye mwaka huo serikali ililipelekea kundi kubwa la polisi eneo hilo kukamata wasiolipa kodi, wakiwa na mabomu ya machozi, na Champion akafukuzwa Natal mwaka 1930. Viongozi wa mji walikuwa wameona kwamba watu wakikataa kunywa, mfuko hukauka. Nao wanywaji walikuwa wameliona hilo hilo.

Miaka 30 baadaye, mwezi ule ule wa Juni, jambo hilo lilirudi kwa nguvu mpya. Pahala palikuwa Cato Manor, bonde ambalo wakazi wake waliliita Umkhumbane, lililojaa vibanda vya makumi ya maelfu ya watu. Hapo mwanamke asiye na ruhusa ya kuajiriwa mjini aliishi kwa kupika, na pamoja na utshwala alipika isishimiyana, kinywaji kikali cha molasi. Mwaka 1958 mji ulianza kubomoa vibanda na kuwahamishia watu KwaMashu, mbali na kazi na ghali kwa nauli. Wengine hawakustahili hata kuhamishwa, kwa kuwa mbele ya sheria hawakuwa wakazi. Ilipozuka homa ya matumbo, askari na watumishi wa mji walimwaga pombe za majumbani kwa jina la afya, na kilabu cha mji, hatua chache kutoka hapo, kiliendelea kuuza.

Mwezi Juni 1959 wanawake wa Umkhumbane waliingia katika kilabu hicho, wakawapiga kwa fimbo wanaume waliokuwa wakinywa na kuimwaga pombe ya mji chini. Hoja yao ilikuwa nyepesi kueleweka: mshahara wa mume unakwisha kwenye meza ya manispaa kabla haujafika nyumbani, na mke akitaka kuurudisha kwa chungu chake hupelekwa jela. Siku ya pili maelfu yao walikusanyika kumweleza hayo mkubwa wa idara. Polisi wakawatawanya kwa virungu. Majengo ya mji yalichomwa moto, na ghadhabu ikaenea mpaka miji midogo na mashamba ya Natal. Miongoni mwa wanawake walioongoza harakati hizo wametajwa Dorothy Nyembe na Florence Mkhize. Mwezi Januari 1960, katika msako wa pombe huko huko, umati uliwaua polisi 9, Waafrika na wazungu. Umkhumbane ikabomolewa.

Mwaka 1962 sheria iliwaruhusu Waafrika kununua vileo vya chupa vya kizungu, na ukiritimba wa mtama ukapata mshindani. Vilabu vya serikali viliendelea kuwepo, na vijana wa Soweto walipoinuka tarehe 16 Juni 1976, navyo vilikuwa miongoni mwa majengo waliyoyatia moto.

Leo ofisi ya zamani ya Idara ya Mambo ya Wenyeji mjini Durban ni makumbusho yaitwayo KwaMuhle, na ndani yake huonyeshwa habari za mfumo uliokuwa ukiendeshwa kwa fedha za pombe. Mtama uliopikwa kiwandani huuzwa madukani katika pakiti za karatasi. Vijijini, na katika nyumba nyingi za mjini pia, chungu cheusi bado hutolewa siku ya arusi na siku ya kuwakumbuka wazee, na mwenye nyumba bado huonja kwanza. Katika miaka yote ambayo mji wa Durban ulikuwa mpishi, madiwani wake waliihesabu pombe yao galoni kwa galoni, wakapanga bei yake, wakajengea mabweni faida yake. Kuonja mbele ya wageni hakukuwamo katika kanuni zao.