Ndege ya pundamilia: baba na mwana walioipeleka Serengeti hadi Oscar

Mwisho mwa mwaka 1957 ndege ndogo iliyopakwa mistari myeusi na myeupe, yaani pundamilia mwenye mabawa, iliondoka Ujerumani kuja Tanganyika. Ndani walikuwa baba na mwanawe. Mzee ni Bernhard Grzimek, daktari wa wanyama na bosi wa bustani ya wanyama ya Frankfurt. Kijana ni Michael, miaka 23 tu. Urubani wenyewe walijifunza kwa ajili ya kazi hii.

Hawakuwa wageni kwenye filamu. Mwaka 1956 walitoa dokumentari kuhusu wanyama wa Kongo, ikawaingizia hela. Wakataka hela hiyo inunue ardhi ya kuiokoa Serengeti. Mkuu wa hifadhi za Tanganyika akawapa wazo jingine: waje kwanza wahesabu wanyama na kuona wanahamia wapi, maana serikali ilikuwa inapanga kubadili mipaka na hakuna aliyejua njia za nyumbu.

Basi wakaweka kambi Banagi, karibu na Seronera, wilaya ya leo ya Serengeti. Na hapo ndipo ubunifu wao ulipo. Wengine walikuja na kamera kutafuta simba mkali. Hawa walihesabu kwanza, wakawatia wanyama alama ili wawafuatilie, halafu filamu ikafuata hesabu. Walipata wanyama wakubwa 366,980. Mtazamaji wa Ulaya akawa anaangalia picha tamu huku anapewa hoja: mipaka mipya itawaacha nyumbu nje.

Tarehe 10 Januari 1959 Michael alikuwa angani peke yake. Ndege ikagongana na tumbusi, ikaanguka. Alikufa na miaka 24, akazikwa ukingoni mwa kreta ya Ngorongoro. Mzee akarudi kuimaliza filamu bila mwanawe. Ikatoka mwaka huohuo kwa jina la Serengeti Haitakufa, na mwaka 1960 ikabeba Oscar ya dokumentari bora. Mmoja wa wapiga picha wake, kijana Alan Root wa Kenya, baadaye akawa gwiji wa filamu za wanyama Afrika Mashariki.

Hoja ya mipaka haikupita: 1959 Ngorongoro ilitengwa na hifadhi. Lakini jina la Serengeti lilishajulikana dunia nzima. Kwenye kipindi chake cha televisheni Mzee Grzimek alikuwa akitangaza safari za watalii kuja huku hata kabla kampuni hazijaziandaa, ili watu waziulizie na kampuni zilazimike!

Sasa njoo upande wa pili. Ukiwa juu kwenye ndege, nyumbu anaonekana vizuri. Historia ya mtu haionekani. Waikoma na Wanata waliwinda kwenye nyika ile kizazi na kizazi, kwao ni kitoweo na ni mila. Kwenye filamu mwindaji anaonekana na nyaya zake za mitego, basi, ni jangili. Hapewi nafasi ya kusema babu yake alizikwa wapi. Mwaka uleule ilipotoka filamu, Wamasai waliokuwa wakiishi ndani walihamishiwa Ngorongoro. Miaka ya 1960 eneo la Lamai, ng'ambo ya Mto Mara upande wa Tarime, nalo likaingizwa hifadhini na Wakurya waliokuwepo wakaondolewa.

Si kwamba mzee yule alikuwa mtu mbaya. Alimpoteza mtoto kwa ajili ya nyika hii, na alipofariki mwaka 1987 majivu yake yaliletwa yakazikwa pembeni ya Michael. Nyumbu leo wanazidi milioni moja, na watalii wanajaa Kogatende kuwaona wakivuka mto.

Ila dokumentari ni chaguo la mahali pa kusimama. Grzimek alichagua angani. Kilichobaki ni kijana wa Mugumu au Nyamongo achukue kamera yake, hata ya simu, akae chini na wazee, aanze na wale ambao ndege ile iliwapita juu kwa juu. Wazee wenyewe wanapungua kila mwaka. Nani anaanza?