Deni la Majina: Kumbukumbu za Waliotumika Vitani



Wahenga walisema, mali bila daftari hupotea bila habari. Kila mwaka twawaonyesha daftari la fedha za Chama. Safari hii twaomba nafasi tunene juu ya daftari jingine, lile la watu wetu waliotumika vitani bila kushika bunduki.

Mtaa wetu wa Shauri Moyo ulijengwa mwishoni mwa miaka ya 1930, kijiji cha kale cha Pangani kilipobomolewa. Nyumba zilikuwa bado mpya vita vya 1939 vilipoanza. Jirani yetu ni Kariokor, jina litokanalo na Carrier Corps, kikosi cha wapagazi wa vita vya 1914 hadi 1918. Jirani yetu mwingine ni Soko la Burma, ambalo jina lake latukumbusha nchi walikopigana askari wa Divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki mwaka 1944. Basi vita vyote viwili vimetuachia majina ya mahali, bali majina ya watu ni machache mno.

Atafutaye habari za babu yake yampasa kwanza ajue alitumika katika kazi gani, kwa maana kila kazi ilikuwa na vitabu vyake.

Wa kwanza ni wapagazi. Waliokufa, kwa hesabu ya serikali yenyewe, walipita 40,000, wengi wao kwa kuhara, malaria na homa ya mapafu. Sheria ya kipande ilipitishwa mwaka 1915, lakini vipande havikuanza kutolewa ila baada ya vita. Kwa hiyo mpagazi aliyekufa mwaka 1917 hatafutwi katika vitabu vya kipande. Mwezi wa Aprili 2021, Tume ya Makaburi ya Vita ya Jumuiya ya Madola ilikiri kwamba watu wasiopungua 116,000, na pengine hata 350,000, hasa wa Afrika Mashariki na Misri, hawakukumbukwa kwa majina yao, au hawakukumbukwa kabisa. Tangu hapo, makaratasi ya kale ya jeshi yamepatikana humu humu Kenya, na ndani yake maelfu ya majina. Kumbe si yote yaliyopotea.

Wa pili ni vikosi vya kazi vya jeshi katika vita vya 1939 hadi 1945. Hawa walitengeneza barabara, walipakua meli na kuchimba mahandaki, wengine katika njia ya Uhabeshi, wengine huko Misri na nchi jirani zake. Waliandikwa jeshini, wakapewa nambari na cheti cha kuachishwa kazi.

Wa tatu ndio wanaosahauliwa upesi. Tangu mwaka 1942 serikali iliwalazimisha raia kufanya kazi katika mashamba ya katani na pareto na kazi nyingine zilizohesabiwa kuwa za lazima kwa vita. Hawakuvaa sare. Mjukuu awatafutaye katika vitabu vya jeshi atarudi mikono mitupu, akadhani babu yake alisema uongo. Hakusema uongo, hao ni wa kutafutwa katika majalada ya idara ya kazi na ya wakuu wa wilaya.

Wazee wetu, twawaomba mfungue masanduku. Nishani peke yake haitoshi, kwani nishani walizopewa askari wetu katika vita vya pili hazikuchorwa jina la mwenyewe. Karatasi ndiyo ishuhudiayo: cheti cha kuachishwa, kitabu cha mshahara, kipande, barua, hata picha yenye maandishi nyuma. Andikeni pia jina la baba yake, kijiji, chifu wa wakati ule na mwaka alioondoka. Kwa hayo, mtu aweza kwenda katika Nyaraka za Taifa, Barabara ya Moi, akauliza kwa uhakika.

Kamati itanakili kila karatasi mbele ya mwenyewe na kumrudishia siku ile ile. Hatuahidi malipo wala fidia. Twaahidi jambo moja tu: kila jina litakalothibitishwa litapigwa chapa katika taarifa hii, pamoja na kazi aliyoifanya mtu huyo, ili wajukuu wasome.

Mchwa hawangoji mkutano mkuu. Tafadhali msikawie.