George Raynor, Mwingereza aliyeifikisha Uswidi fainali ya Kombe la Dunia

Ilikuwa dakika ya nne tu ya fainali ya Kombe la Dunia, Juni 29, 1958, katika uwanja wa Råsunda, Solna. Nahodha wa Uswidi, Nils Liedholm, aliwapangua mabeki wawili wa Brazil ndani ya boksi na kupiga shuti la chini lililomshinda kipa Gilmar. Wenyeji wakawa mbele 1-0. Kocha wao alikuwa Mwingereza, George Raynor, na hesabu yake ilikuwa kwamba Wabrazil wakitanguliwa kufungwa watapaparika.

Hawakupaparika. Didi aliutoa mpira nyavuni, akatembea nao taratibu hadi katikati ya uwanja huku akiwatuliza wenzake. Vavá akasawazisha dakika ya tisa, akaongeza la pili kabla ya mapumziko, kisha kijana wa miaka 17 aitwaye Pelé akafunga mawili kipindi cha pili. Mchezo ukaisha 5-2.

Tangu siku ile fainali hiyo imekuwa ya Pelé, na ni haki yake. Raynor amesahaulika, na zaidi ya kote amesahaulika kwao.

Alizaliwa mwaka 1907 Hoyland, katika ukanda wa migodi ya makaa ya mawe wa Yorkshire. Alicheza winga Sheffield United, Mansfield, Rotherham, Bury na Aldershot, na hakuwahi kuitwa timu ya taifa. Vita Kuu ya Pili ilimpeleka Iraq akiwa mkufunzi wa mazoezi ya viungo jeshini, na huko akaunda timu ya soka iliyofanya vizuri. Habari zake zikamfikia Stanley Rous, katibu wa Chama cha Soka cha England. Mwaka 1946 Waswidi walipotafuta kocha, Rous akawapa jina lake. Wakati huo Raynor alikuwa akifundisha timu ya akiba ya Aldershot.

Uswidi ya wakati ule haikuwa na soka la kulipwa. Mshambuliaji wake mkubwa, Gunnar Nordahl, alikuwa mfanyakazi wa zimamoto. Miaka miwili tu baada ya Raynor kufika, timu hiyo ya ridhaa ilichukua dhahabu ya Olimpiki ya London kwa kuifunga Yugoslavia 3-1 Wembley. Katika nusu fainali dhidi ya Denmark kulitokea jambo ambalo sijaona mfano wake: Nordahl alijikuta katika eneo la kuotea, akaruka kuingia ndani ya goli ili asihesabiwe, na Henry Carlsson alipopiga kichwa, mpira ukamfuata Nordahl humo humo nyavuni, akaudaka.

Mafanikio yale yalimgharimu. AC Milan iliwachukua Nordahl, Gunnar Gren na Liedholm, na kwa kuwa chama cha Uswidi kilikataa kuwaita wachezaji wa kulipwa, Raynor akawakosa wote watatu. Akajenga upya. Kwenye Kombe la Dunia la 1950 nchini Brazil kikosi chake kipya kiliifunga Italia, bingwa mtetezi, 3-2, na licha ya kuchapwa 7-1 na wenyeji kikamaliza nafasi ya tatu. Waitaliano wakarudi na fedha zao, wakambebea wengine, akiwemo Lennart Skoglund aliyekwenda Inter. Akaanza tena, na mwaka 1952 akapata shaba ya Olimpiki ya Helsinki. Kwangu mimi, kujenga huku mara tatu kunamweka juu ya makocha wengi wenye vikombe vingi kuliko yeye.

Novemba 1953 aliipeleka Uswidi Budapest kucheza na Hungaria ya Puskás, mabingwa wa Olimpiki, na kutoka sare ya 2-2. Siri ya Hungaria ilikuwa Nándor Hidegkuti, aliyevaa jezi namba 9 lakini akarudi nyuma kucheza kama kiungo. Raynor alimpangia mtu wa kumkaba popote aendapo. Siku kumi baadaye England ilikutana na Hungaria hiyo hiyo Wembley. Beki wa kati Harry Johnston hakujua amfuate Hidegkuti au abaki nyuma. Hidegkuti alifunga matatu, England ikalala 6-3.

Baada ya kupita Lazio, Raynor alirudi nyumbani kuifundisha Coventry City, lakini hakudumu, akaenda zake tena Uswidi. Kufikia 1958 Waswidi walikuwa wameondoa marufuku yao. Gren mwenye miaka 37, Liedholm wa 35, Skoglund na winga Kurt Hamrin wote wakarudi kundini. Robo fainali waliitoa Sovieti, timu iliyokuwa imeitupa nje England. Nusu fainali wakaifunga Ujerumani Magharibi, bingwa mtetezi, 3-1.

Mtu angetarajia klabu kubwa za Uingereza zimgombee. Aliyempa kazi ni Skegness Town, timu ndogo ya mji wa pwani huko Lincolnshire, na ili mkate upatikane akafanya kazi ya stoo katika kambi ya mapumziko ya Butlin's. Sioni sababu nyingine ila dharau ya Waingereza kwa ukocha wenyewe. Waliamini mchezaji huzaliwa, hafundishwi, na kikosi cha England kilikuwa bado kikichaguliwa na kamati.

Oktoba 28, 1959, Raynor alikuwa Wembley upande wa Waswidi, na England ikafungwa 3-2, Agne Simonsson akipachika mawili. Kabla ya hapo ni Hungaria pekee iliyotoka bara la Ulaya na kushinda England katika uwanja huo. Hata kipigo hicho hakikubadili kitu. Kazi yake ya mwisho ilikuwa Doncaster Rovers, iliyomfukuza mwaka 1968.

Alf Ramsey alipoiongoza England kwenye fainali ya 1966, alikuwa Mwingereza wa pili kufika huko akiwa kocha. Ramsey alipewa cheo cha Sir. Raynor, wa kwanza, alipewa nishani ya Vasa na Waswidi. Alifariki Novemba 1985, na England haikuwahi kumkabidhi timu yake.