Kuchonga na Kuchora: Miamba ya Ellora na ya Nyero

Jina la mji wa Jinja lina maana ya jiwe. Katika Lusoga na Luganda, ejjinja ni jiwe, na mji ulipata jina hilo kutokana na miamba iliyokuwa pale Mto Nile unapotoka katika Ziwa Viktoria. Miamba yenyewe haionekani tena. Maporomoko ya Ripon, ambayo John Hanning Speke aliyafikia mwaka 1862, yalifunikwa na maji baada ya bwawa la Owen Falls kufunguliwa mwaka 1954. Lililobaki ni jina.

Tumeanza na mfano huu kwa sababu makala haya yanahusu miamba na namna tunavyoitaja. Mara kwa mara katika mazoezi ya tafsiri tunakutana na maneno "mapango ya Ellora" na, upande wa kwetu, "mapango ya Nyero". Neno ni moja, lakini vitu vinavyotajwa vinatofautiana sana. Tuonavyo sisi, tofauti hiyo inastahili kufundishwa darasani.

Ellora na Ajanta

Ajanta na Ellora ni sehemu mbili zilizoko jimbo la Maharashtra, magharibi mwa Uhindi. Ajanta ina mapango yapatayo 30 ya Wabuddha. Ya kwanza yalitengenezwa karne ya 2 K.K., na mengine mengi katika karne ya 5 B.K. Ellora ina mapango 34 yanayoonyeshwa kwa namba: 12 ya Wabuddha, 17 ya Wahindu na 5 ya Wajaini, yote katika jabali moja.

Hakuna hata moja kati ya hayo lililokuwa pango tangu asili. Yote yalichimbwa na kuchongwa kwa nyundo na patasi. Wabuddha walikuwa na aina mbili kuu. Ya kwanza ni vihara, yaani makao ya watawa: ukumbi wa mraba katikati, na vyumba vidogo vya kulala kuuzunguka. Ya pili ni chaitya, ukumbi mrefu wa ibada wenye safu mbili za nguzo na kuba la kumbukumbu mwishoni, ambalo waumini hulizunguka kwa heshima. Dari la chaitya limechongwa mataruma ya mawe kana kwamba linabeba paa la mbao. Mafundi walikuwa wamezoea kujenga kwa mbao, nao wakaihamishia sura ya mbao kwenye jiwe.

Kazi kubwa kuliko zote ni hekalu la Kailasa huko Ellora, pango namba 16, lililochongwa katika karne ya 8 kwa ajili ya mungu Shiva na kuhusishwa na mfalme Krishna wa Kwanza wa ukoo wa Rashtrakuta. Mafundi walianza juu ya jabali wakateremka chini, wakiondoa mawe hadi likabaki hekalu zima lenye mnara, ua, nguzo na tembo, bila jiwe kuwekwa juu ya jiwe. Anayejenga huongeza, na anayechonga hupunguza. Mjenzi akikosea huweza kubomoa ukuta akaanza upya. Mchongaji aliyekata mkono wa sanamu hana pa kuurudisha.

Huko Ajanta kuchonga kulifuatwa na kuchora. Kuta zilipakwa udongo uliochanganywa na nyuzi za mimea, kisha chokaa nyepesi, na juu yake zikachorwa hadithi za maisha ya Buddha. Watawa walipoondoka, msitu uliyafunika mapango. Mwaka 1819 ofisa wa Kiingereza, John Smith, aliyefika huko akiwinda chui milia, aliyaona, akakwaruza jina lake na tarehe juu ya mchoro katika pango namba 10. Jina hilo lipo hadi leo.

Mahekalu ya Jinja na maneno tuliyoazima

Wahindi walipofika Busoga na Bukedi mwanzoni mwa karne ya 20, hawakuchonga majabali. Walijenga kwa matofali na saruji. Mitaa ya Jinja na Mbale bado ina maduka yenye baraza mbele na mwaka wa ujenzi ukutani juu. Jinja ina mahekalu ya Wahindu, na sehemu ya majivu ya Mahatma Gandhi ilimwagwa katika Nile hapo mwaka 1948. Sanamu yake kwenye chanzo cha Nile ilizinduliwa mwaka 1997 na Waziri Mkuu wa Uhindi, I. K. Gujral.

Hapa tuwakumbushe wanafunzi kwamba Mhindi si lazima awe Mhindu. Mhindi ni mtu wa Uhindi au wa asili ya huko, naye anaweza kuwa Mwislamu, Mkristo au Kalasinga. Mhindu ni mfuasi wa dini.

Jambo la kuvutia zaidi ni aina ya maneno tuliyoyapokea. Kiswahili kilichukua kutoka lugha za Uhindi gari, bima, laki, rupia na chapati. Haya ni maneno ya safari, fedha na chakula. Maneno ya ibada hayakuvuka. Jengo la Wahindu tunaliita hekalu, neno lenye asili ya Kiarabu tulilozoea kulisoma katika Biblia. Tulijuana dukani, lakini hatukuingiliana mahali pa sala. Mwaka 1972 Idi Amin alipowapa Waasia siku 90 waondoke, waumini waliyaacha mahekalu yao, na yakabaki majengo ambayo majirani wengi hawakuwa na neno la kueleza yaliyofanyika ndani. Waliorudi, hasa katika miaka ya 1990, walijua la kudai na kwa jina gani.

Nyero na wenzake

Sasa tuje kwenye miamba ya kwetu. Ukitoka Mbale kuelekea Soroti unafika Kumi, na kutoka hapo njia ya Ngora inakupitisha Nyero. Kuna majabali makubwa ya matale, na chini ya yale yaliyoinama kuna michoro ya rangi nyekundu na nyeupe: duara ndani ya duara, mistari, na maumbo yanayofanana na mitumbwi. Rangi nyekundu ilitokana na mawe yenye chuma yaliyosagwa. Nyero haiko peke yake. Michoro ya jamii hiyo ipo Kakoro, Mukongoro, Kapir na Komuge, na pia katika kisiwa cha Dolwe ndani ya Ziwa Viktoria. Kakoro na Dolwe kuna pia mawe yanayolia kama kengele yanapogongwa, yenye alama za kugongwa kwa muda mrefu.

Watafiti wengi wanaihusisha michoro hiyo na wawindaji na wakusanyaji waliokuwa hapa kabla ya wakulima na wafugaji, jamaa wa mababu wa Batwa. Iteso walioikuta waliyaheshimu majabali ya Nyero wakayafanya mahali pa maombi. Batwa wa leo wanaishi mbali, kusini magharibi mwa Uganda, na mwaka 1991 wengi wao walitolewa katika misitu ya Bwindi na Mgahinga ilipofanywa hifadhi za taifa. Kwa hiyo waliochora hawana mtu jirani wa kusema: hii ni yetu.

Tatizo la neno "pango"

Ellora pameitwa pango ilhali ni jengo lililochongwa. Nyero pameitwa pango ilhali ni uso wa mwamba ulio wazi, wenye kivuli tu. Kwa Ellora kosa hilo halina madhara, maana kila aonaye nguzo anajua kuna fundi. Kwa Nyero lina madhara. Mtu akisikia "pango" hufikiria kitu cha porini, kazi ya mvua na popo, na mwamba wa porini ni kokoto zinazongoja kupasuliwa. Uchimbaji wa mawe na majina ya wageni yanayokwaruzwa juu ya michoro ni miongoni mwa hatari zinazoikabili miamba ya eneo hili. Ajanta na Ellora ziliingizwa katika Urithi wa Dunia wa UNESCO mwaka 1983. Nyero iliwekwa katika orodha ya awali mwaka 1997.

Hatudai kwamba msamiati peke yake utazuia nyundo. Kunahitajika sheria, walinzi na kipato mbadala kwa wapasua mawe. Lakini mwalimu ana sehemu yake. Tunapendekeza vitenzi viwili vitofautishwe: Ellora ni mahekalu na makao ya watawa yaliyochongwa mwambani, na Nyero ni miamba iliyochorwa. Vitenzi vyote viwili, katika kauli ya kutendwa, vinamdai mtendaji. Ukisema "mwamba uliochorwa", mwanafunzi atauliza: umechorwa na nani? "Pango" halimlazimishi kuuliza.

Walimu walioko Jinja, Mbale, Kumi na Pallisa wanaweza kuanza na zoezi dogo. Wanafunzi waulize wazee majina ya majabali ya karibu na nyumbani, kwa Ateso, Lugwere, Lugisu au Lusoga, kisha wayaeleze kwa Kiswahili bila kutumia neno pango. Maporomoko ya Jinja yalizama, na jina lake linatufundisha hadi leo kwamba hapo palikuwa na mawe. Michoro ya Nyero ingalipo, na majina ya majabali yake yangali vinywani mwa wazee. Tuyaandike wakati vyote viwili vipo.