SUNGURA, PAPA NA PUNDA WA DOBI: HADITHI ZA WATOTO WETU ZIMETOKA WAPI?



Wapenzi wasomaji, safari hii tumeonelea tuzungumzie jambo ambalo wengi huliona dogo, nalo ni hadithi za wanyama wanazosimuliwa watoto. Wapo wazazi wanaoziona ni porojo za kizamani. Wapo wanaoogopa kwamba kumwambia mtoto "sungura akasema" ni kumfundisha uongo. Na wapo vijana wetu wa shule wanaodhani kwamba hadithi za maana ni zile za Kifaransa wanazokariri darasani, na za bibi ni za kupoteza wakati tu. Tukiifuata historia yake, tutaona kwamba makundi yote matatu yanastahili kufikiri upya.

NJIA YA MIZIGO NI NJIA YA HADITHI

Tuanzie hapa Bujumbura, Zone Industrielle. Katika maghala na viwanda vya eneo hili, wapakiaji, mafundi na madereva huzungumza Kirundi, na Kiswahili nacho hakikosekani. Sehemu ya mizigo inayoshushwa mjini hapa hutoka Dar es Salaam, ikapita Kigoma, ikavuka Ziwa Tanganyika hadi bandarini. Njia hiyo si ngeni. Kabla ya reli kufika Kigoma mwaka 1914, misafara ilitembea kwa miguu kutoka Bagamoyo hadi Tabora, kisha Ujiji, na kutoka hapo majahazi yakavuka ziwa. Wazungu Burton na Speke walipofika Ujiji Februari 1858, waliwakuta Waarabu na Waswahili wameshatangulia.

Tusifiche ukweli: misafara hiyo ilibeba pembe za ndovu na pia watu waliotekwa utumwani, na hilo ni doa katika historia yetu. Lakini watu waliotembea kwa miezi walihitaji kitu cha kuzungumza jioni penye moto. Lugha ya Kiswahili ikaja kwa njia hiyo, dini ya Kiislamu ikaja kwa njia hiyo, na hadithi nazo zikaja pamoja nao. Rumonge na Usumbura (ndilo jina la mji wetu hadi uhuru wa 1962) zikapata jamii za Waswahili, na wakati wa Wabelgiji mtaa wa Buyenzi ukajulikana kuwa ndiyo nyumba yao.

HADITHI MOJA YENYE NYUSO TATU

Tuchukue hadithi moja tu. Mwaka 1870 padri Mwingereza Edward Steere, aliyeishi Zanzibar, alichapisha London kitabu cha hadithi alizosimuliwa na watu wa Unguja. Humo imo hadithi ya kima na papa. Kima alikaa juu ya mti ulioinamia bahari, akawa anamtupia rafiki yake papa matunda. Siku moja papa akamkaribisha kwao, akampakia mgongoni. Walipofika katikati ya maji akamwambia ukweli: sultani wa huko ni mgonjwa, na dawa yake ni moyo wa kima. Kima hakupiga kelele. Akasema, "Ungeniambia mapema! Sisi tukisafiri huiacha mioyo yetu mtini. Nirudishe nikauchukue." Papa akamrudisha. Kima alipofika juu ya mti akakaa kimya, na alipoitwa tena akamsimulia papa habari ya punda wa dobi: punda huyo aliitwa na sungura aende kwa simba, akaparuliwa, akakimbia. Sungura akamfuata mara ya pili kwa maneno matamu, naye akarudi, akauawa. Simba alipotaka moyo na masikio, sungura alikuwa ameshavila. Akajibu: huyu hakuwa na moyo wala masikio, angekuwa navyo asingerudi.

Watu wa pwani waliisimulia kama yao, na kweli ni yao. Lakini fungua kitabu cha Kiarabu kiitwacho Kalila wa Dimna, kilichotungwa upya na Abdullah ibn al-Muqaffa yapata mwaka 750, utaikuta. Humo si papa bali ni kobe wa majini, na anayemdanganya punda si sungura bali ni mbweha. Ibn al-Muqaffa naye alifasiri kutoka lugha ya Kiajemi cha kale, ambako tabibu Burzuya aliipeleka kutoka India zama za mfalme Anushirwani, aliyetawala 531 hadi 579. Na huko India, katika Panchatantra, anayembeba kima ni mamba.

Angalieni basi: India ni mamba, kwa Waarabu ni kobe, Unguja ni papa. Kila nchi ilimweka mnyama inayemjua. Ziwa letu halina papa, lakini mamba tunao. Nani hapa Bujumbura hajasikia habari za Gustave, mamba mkubwa wa Ruzizi na ziwani aliyevuma tangu miaka ya 1990 kwa kuua watu? Mzazi wa hapa akiisimulia hadithi hii na kumweka mamba mahali pa papa, hajaiharibu. Ameirudisha ilikoanzia, na mtoto ataielewa mara moja.

NA ZA KIFARANSA JE?

Sasa tuwaendee wanafunzi wetu. Mshairi Mfaransa La Fontaine, ambaye mashairi yake ya wanyama hukaririshwa katika shule nyingi zinazofundisha kwa Kifaransa, alitoa mkusanyo wake wa pili mwaka 1678. Mwanzoni mwake alikiri mwenyewe kwamba sehemu kubwa ya hadithi hizo anadaiwa na Pilpay, mwenye hekima wa India. Pilpay ndiye Bidpai, msimulizi wa Kalila wa Dimna! Kitabu kilichapishwa kwa Kifaransa mwaka 1644 kwa tafsiri iliyotoka Kiajemi. Kwa mfano, habari ya kobe aliyebebwa angani na bata wawili, akafungua mdomo kujibu watu, akaanguka, imo kwa La Fontaine na imo kwa Ibn al-Muqaffa, miaka zaidi ya 900 kabla yake.

Kwa hiyo kijana anayekariri shairi la Kifaransa mchana na kumsikiliza bibi usiku anakunywa maji ya mto mmoja kwa vikombe viwili. Hana sababu ya kudharau kikombe cha nyumbani. Tusimdharau La Fontaine pia, kwani yeye alikuwa mkweli kutaja alikochukua.

JE, NI UONGO?

Hatutoi fatwa hapa, hilo lina wenyewe. Tunataja tu yanayojulikana. Katika Qur'ani Tukufu tunasoma habari ya chungu aliyewaonya wenzake na ya hudhud aliyeleta habari za Saba, katika Suratun Naml, na ya kunguru aliyemwonyesha mwana wa Adamu namna ya kuzika, katika Suratul Maidah. Hayo ni wahyi na ni haki, hayafananishwi na ngano. Hadithi za sungura ni mifano, na msimulizi na msikilizaji wote wanajua kwamba ni mifano. Ibn al-Muqaffa alieleza katika utangulizi wake kwamba aliwapa wanyama maneno ili vijana wavutike kusoma, na kwamba ndani yake kuna maana kwa watu wazima wenye kufikiri.

Kuna swali zito zaidi ya hilo: hadithi hizi zinafundisha nini? Sungura hudanganya, naye husifiwa. Mtoto akijifunza kwamba mjanja hushinda siku zote, tumemlea vipi? Swali hili lilikuwepo tangu zamani. Katika asili ya Kihindi, mbweha mfitini aliyesababisha simba kumuua rafiki yake, yule fahali, habari yake inaishia hapo bila adhabu. Katika kitabu cha Kiarabu imo sura nzima ambayo haimo katika asili: Dimna anashtakiwa, mashahidi wanatoa ushahidi, anahukumiwa, anakufa. Wataalamu wengi wanaona kwamba Ibn al-Muqaffa ndiye aliyeiongeza. Hakukitupa kitabu kwa sababu kina mfitini ndani yake, bali alimfikisha mfitini mahakamani.

Hilo ndilo tunalotaka wazazi wachukue. Nchi yetu imeona fitina ya maneno inafanya nini, na wazee waliokimbia vita vya 1993 hawahitaji kuelezwa. Punda wa dobi aliitwa mara mbili kwenye kifo chake, na mara zote mbili aliitwa kwa maneno matamu. Mtoto aliyeijua hadithi hiyo akiwa na miaka saba, akifika ishirini na mtu akaja kumwita kwenye jambo baya, atakuwa na kitu cha kukumbuka.

TUFANYE NINI?

1. Tusimulie. Baada ya chakula cha usiku, zima televisheni kwa robo saa. Kiswahili sasa kinafundishwa katika shule zetu za msingi, lakini utamu wa lugha mtoto huupata kwanza nyumbani.

2. Tuulize. Hadithi ikiisha, mwulize mtoto: sungura alifanya haki? Punda angefanya nini? Ungekuwa wewe simba ungehukumu vipi? Hapo mtoto mwenyewe ataongeza ile sura ya mahakama.

3. Tuandike. Wanafunzi, chukueni daftari mwende kwa mabibi na mababu wa Buyenzi, Rumonge na kwingineko. Andikeni hadithi kama wanavyoisimulia, na jina la mnyama kama wanavyolitaja. Waulizeni pia waliisikia kwa nani. Steere aliandika za Unguja zaidi ya miaka 150 iliyopita, na ndiyo maana leo tumeweza kulinganisha. Za ziwani bado nyingi zimo vifuani mwa wazee, na kila mwaka tunawazika baadhi yao.

Mwenyezi Mungu awarehemu waliotangulia, awape afya waliobaki, na atujaalie watoto wenye masikio na moyo. Amin.

Wabillahi tawfiq.